Concha Velasco: nianzie filamu za ujanani, Teresa de Jesús, au tamthilia za uzeeni?

Mpenda_Tamthilia (mwanzisha mada)

Wakuu, salaam.

Nimemaliza Las chicas del cable, na aliyenibaki kichwani si wale mabinti wanne wa simu bali yule mama mkwe, Doña Carmen, mama yake Carlos. Mwanamke anaingia sebuleni, hajafungua mdomo, na watu wazima wanajikuta wamekaa sawa. Sura ile nilishaiona kwenye Gran Hotel, ndiye yule Doña Ángela anayewasimamia watumishi na kushika funguo zote za hoteli. Nikatafuta jina: Concha Velasco, mwigizaji wa Kihispania. Kumbe alifariki Desemba 2023 akiwa na miaka 84, na kumbe alianza kazi miaka ya 1950!

Sasa nataka kumfuatilia kwa mpangilio ila sijui niingilie wapi. Ninavyoona kuna njia tatu:

Moja, vichekesho vya ujanani, vya 1958 na kuendelea. Mbili, Teresa de Jesús ya 1984, ambayo kila mahali inatajwa kuwa kazi yake kubwa ya runinga. Tatu, niendelee na tamthilia za uzeeni ambazo nimeshaanza kuzizoea.

Muda sina mwingi, bando halina huruma, na nyumbani natazama na mama mzazi, kwa hiyo mambo ya vitandani yasizidi. Mnashauri nini?

Bi_Mwanahawa

Mwanangu, umegusa mtu wangu. Mimi ni wa Mombasa lakini nimeolewa huku Valencia, na wifi zangu wote wa makamo wanamjua Concha kama mtu wa nyumbani. Nikupe picha kwa ufupi uone ukubwa wa unachotaka kukifanya.

Alizaliwa Valladolid, Novemba 1939, vita vya wenyewe kwa wenyewe vimeisha miezi michache tu nyuma. Baba mwanajeshi, mama mwalimu. Alianza kama mcheza dansi wala si mwigizaji, na akapita kwenye kundi la Celia Gámez, malkia wa maonyesho ya muziki ya Madrid enzi hizo. Jina lake likatoka mwaka 1958 na Las chicas de la Cruz Roja. Kutoka hapo hakutua mpaka 2021 alipoaga jukwaa. Filamu, muziki, tamthilia, kutangaza runinga, kila kitu. Kuanzia 2011 hadi 2020 aliendesha Cine de barrio, kipindi cha Jumamosi cha TVE, runinga ya taifa ya Uhispania, kinachorusha filamu za zamani za Kihispania. Yaani mtu alikaa studio akiwakaribisha watazamaji kwenye filamu ambazo nyingine aliigiza mwenyewe akiwa binti.

Njia zote tatu ni nzuri, ila huyo mama yako atapenda Teresa. Mimi nasema namba mbili.

Kalamu_Nyekundu

Mkuu, napinga njia zako zote. Umeruka mlango ulio muhimu kuliko yote: 1974 na 1975, filamu mbili za mwongozaji Pedro Olea.

Ya kwanza ni Tormento (1974), imetolewa kwenye riwaya ya Galdós, mwandishi mkubwa wa Kihispania wa karne ya 19. Madrid, karibu na mapinduzi ya 1868. Ana Belén ni Amparo, yatima maskini. Paco Rabal ni Agustín, binamu tajiri aliyerudi kutoka Amerika. Concha ni Rosalía de Bringas, mke wa mtumishi wa serikali mwenye mshahara wa kawaida na kiburi cha ikulu. Amparo ni ndugu wa mbali, kwa hiyo Rosalía anamtumia kama mfanyakazi wa ndani asiyelipwa na kila siku anamkumbusha jinsi anavyomsaidia. Nani asiyemjua mtu wa aina hii? Tajiri anampenda Amparo, na Rosalía hawezi kulimeza hilo.

Tazama sehemu ya mwisho, pale stesheni. Treni linaanza kuondoka. Rosalía amevaa vizuri, yuko jukwaani anaaga kama mwanamke wa heshima zake. Halafu, kwa meno yaliyobana, anatoa tusi moja lile lile mara tatu. Filamu nzima amekuwa akizungumza kwa adabu ya watu wa ikulu, na kila adabu ile sasa unaiona ilikuwa imefunika nini. Hapo ndipo utajua Doña Carmen alizaliwa wapi. Ule ubaridi unaokutisha kwenye Las chicas del cable ulikuwa tayari miaka zaidi ya arobaini kabla.

Ya pili ni Pim, pam, pum... ¡fuego! (1975). Olea aliandika na Rafael Azcona. Miaka ya 1940, Madrid yenye njaa. Concha ni Paca, msichana wa kundi la dansi anayemtunza baba yake asiyejiweza. Upande mmoja kuna kijana mpiganaji anayejificha polisi, upande mwingine kuna Fernando Fernán Gómez, mfanyabiashara wa magendo mwenye nyama, kahawa na uwezo wa kumpatia kazi. Kila kipande cha mkate kina bei yake na bei inaandikwa juu ya mwili wa Paca. Mwisho sisemi.

Na angalieni tarehe. Filamu hii ilitoka 1975, mwaka ambao Franco, dikteta aliyeshinda vita vile vya wenyewe kwa wenyewe, alikufa Novemba. Katika miezi hiyo hiyo msichana wa vichekesho anacheza mwanamke aliyebanwa na ushindi wa Franco wenyewe. Huo ndio mlango. Ukiingilia hapo, vichekesho vya nyuma na tamthilia za mbele vyote vinapata maana.

Kwa mama mzazi: kuna mambo ya watu wazima, lakini hakuna la kumfanya atoke sebuleni.

Mzee_wa_Kahawa

Hapana hapana. Vijana mmezoea kudharau kichekesho. Mtu akilia ni mwigizaji mkubwa, akichekesha ni mtoto. Upuuzi mtupu.

Mpenda, anza na Los tramposos ya 1959. Mle kuna utapeli mmoja maarufu sana pale kituo cha treni cha Atocha: Tony Leblanc anajifanya punguani mwenye bahasha ya noti, na noti zenyewe anaziita picha za watakatifu, hajui ni pesa. Mwenzake Antonio Ozores anamnong'oneza mgeni kutoka shamba kwamba huyu zuzu tunaweza kumnunulia bahasha yote kwa bei ya kutupa. Mshamba anatoa akiba yake, anafungua bahasha, karatasi tupu. Mchezo huo hata Kariakoo ulikuwepo, sura tu zinabadilika! Concha yumo, na ndiye anayesukuma hao matapeli watafute kazi ya halali. Nafasi si kubwa, lakini muangalie anavyomkatiza Leblanc. Leblanc alikuwa bingwa wa kuchekesha, na binti wa miaka kumi na tisa hampi nafasi ya kupumua.

Halafu nenda Historias de la televisión ya 1965. Humo ndimo aliimba La chica ye-yé, wimbo wa Augusto Algueró, na Uhispania yote haijausahau mpaka leo. Ye-yé ilikuwa muziki wa vijana, gitaa za umeme, nywele timutimu na soksi ndefu za rangi, katika nchi ambayo mke alihitaji ruhusa ya mume ili afanye kazi au afungue akaunti benki. Hicho ndicho kichekesho chepesi mnachokidharau.

Kijana_wa_Pwani

Mzee wa Kahawa leo kaamka na moto 😂 Shikamoo mzee.

Mzee_wa_Kahawa

Marahaba. Kahawa haijapoa bado.

Kalamu_Nyekundu

Mzee, heshima yako. Sikudharau kichekesho. Nilichosema ni kwamba vichekesho vile vilipita kwenye mkasi wa udhibiti na vikakubali mipaka yake. Chukua zile alizofanya na Manolo Escobar mwishoni mwa miaka ya 60. Pero... ¿en qué país vivimos? ya 1967: Concha ni mwimbaji wa ye-yé, Escobar ni mwimbaji wa copla, nyimbo za asili za Kihispania, na wanashindanishwa. Unadhani mwanamke wa kisasa ataachwa ashinde mpaka mwisho bila kuolewa? Msichana anaruhusiwa kuvaa soksi za rangi ilimradi kabla taa hazijawaka awe amesharudi kwenye mstari.

Ndiyo maana nasema ukianza na hizo utamwona binti mcheshi tu. Ukitoka kwa Olea ukarudi nyuma, utaona mwigizaji aliyefungwa mkono mmoja na bado anakushinda.

Bi_Mwanahawa

Kalamu ana hoja, na kuna jambo hajalitaja. Februari 1975 waigizaji wa Uhispania waligoma. Walikuwa wakicheza maonyesho mawili kwa siku, wiki nzima, na moja ya madai yao ilikuwa siku moja tu ya mapumziko. Majumba ya michezo Madrid yakafungwa, na baadhi yao wakatiwa mbaroni, akiwemo Rocío Dúrcal, ambaye naye alikuwa kipenzi cha filamu za muziki. Concha alikuwa upande wa wagomaji. Kwa mtu ambaye mkate wake ulitoka kwenye filamu zilizopendwa na wakubwa, hilo halikuwa jambo jepesi.

Kwa hiyo ile 1975 si bahati ya kupata nafasi nzuri tu. Alikuwa anabadilika na watu walimwona akibadilika.

Sista_Neema

Tumsifu Yesu Kristo. Naomba nitetee namba mbili kwa urefu kidogo, maana naona wote mnaipita.

Teresa de Jesús ni sehemu nane, TVE, 1984. Mwongozaji ni mwanamke, Josefina Molina, na kati ya walioandika ni Carmen Martín Gaite, mwandishi mkubwa wa riwaya. Kwa hiyo ni Mtakatifu Teresa wa Avila, Mwalimu wa Kanisa, akisimuliwa na wanawake. Mnajua ni mwanamke wa kwanza kupewa hadhi hiyo na Kanisa, mwaka 1970 chini ya Papa Paulo VI. Wakarmeli Peku tulio nao Afrika Mashariki chimbuko lao ni monasteri aliyoifungua Avila mwaka 1562.

Sasa fikirieni ujasiri wa kumpa nafasi hiyo "msichana wa ye-yé", mwanamke wa jukwaa la dansi. Watu wengi walitarajia picha ya mtakatifu ya kuning'iniza ukutani. Badala yake sehemu ya kwanza inatumia muda wake kwenye ugonjwa. Teresa wa kweli akiwa kijana aliugua mpaka akadhaniwa amekufa. Alipoamka kope zilikuwa na nta ya mishumaa ya maziko, na akabaki amepooza kwa muda mrefu. Concha anacheza mwili huo bila kuupamba. Hakuna mwanga wa dhahabu kichwani, hakuna macho yaliyopinduka juu. Kuna midomo iliyokauka, mikono isiyotii, na hasira ya mtu ambaye waganga wamemtesa kuliko ugonjwa wenyewe.

Halafu baadaye unamwona yule yule akijadiliana na maaskofu, matajiri, wenye viwanja, madereva wa mikokoteni. Anatania, anabembeleza, anahesabu hela. Hapa ndipo Mzee wa Kahawa ana haki yake: kile kichekesho cha miaka ya 50 hakikupotea. Teresa mwenyewe kwenye barua zake ni mcheshi, na ni mtu aliyejifunza kumkatiza Tony Leblanc tu ndiye angeweza kuyasema maneno yale bila kuyageuza mahubiri.

Mpenda, mama yako atakaa mpaka mwisho. Mimi nasema namba mbili, na nasema hivyo hata kwa asiye Mkatoliki.

Mzee_wa_Kahawa

Sista, hapo umenilipa deni langu lote.

Baharia77

Samahani wakuu, mnabishana kuhusu milango ya nyumba moja wakati mtaa una nyumba bora zaidi. Mpenda anataka mwigizaji mkongwe wa Kihispania? Carmen Maura. Mjadala umefungwa.

Maura kazaliwa Madrid 1945, miaka sita tu nyuma ya Concha. Lakini tazama alichokifanya. La ley del deseo, 1987: usiku wa joto kali Madrid, wafanyakazi wa jiji wanaosha barabara kwa mpira wa maji, naye anasimama mbele yao na gauni lake la kubana anawaamuru wammwagie. Anamwagiwa, anacheka, anapiga kelele za raha. Dakika moja, na nchi nzima iliyokuwa imefungiwa kwa miaka arobaini iko pale inaoga. Mwaka uliofuata Mujeres al borde de un ataque de nervios, Goya (tuzo kuu ya filamu ya Uhispania) ya mwigizaji bora na tuzo ya filamu ya Ulaya. 1990, ¡Ay, Carmela! ya Carlos Saura, zote mbili tena. 2000, La comunidad ya Álex de la Iglesia, Goya nyingine pamoja na tuzo ya San Sebastián. 2006, Volver, anatokea ndani ya buti la gari kama mzimu wa mama mtu. Kisha Wafaransa nao wakampa César, tuzo yao ya filamu, ya mwigizaji msaidizi mwaka 2012.

Concha ana Goya ngapi za ushindani? Hana. Ana ile ya heshima tu, 2013. Na Almodóvar, mwongozaji wa La ley del deseo, Mujeres na Volver, hakuwahi kumpa filamu.

Namba hazidanganyi mkuu.

Kalamu_Nyekundu

Baharia, Goya zilianza 1987. Wakati huo Concha alikuwa na karibu miaka thelathini ya umaarufu. Tormento na Pim, pam, pum zilitoka kabla tuzo hizo hazijazaliwa, Teresa ni ya runinga. Unahesabu mabao ya mchezaji kuanzia kipindi cha pili halafu unasema alifunga machache.

Ila swali la Maura ni zuri na sitaki kulikwepa. Tofauti yao naiona hivi. Maura aliwapata waongozaji: Colomo mwanzoni, Almodóvar, Saura, de la Iglesia. Ukitaka kumfuata yeye, wafuate hao, na kila filamu ina mkono wa mtu mwenye akili nyuma yake. Ndiyo maana orodha yake inang'aa hivyo, haina takataka nyingi. Concha alikuwa na Olea, alikuwa na Molina kwa Teresa, na muda mwingi uliobaki alifanya kazi iliyopatikana. Filamu mbovu anazo nyingi. Hata mashabiki wake hawabishi.

Kwa hiyo kama mtu anataka filamu kumi bora za Kihispania, aende kwa Maura bila kuangalia nyuma. Lakini Mpenda aliuliza habari ya maisha marefu ya kazi. Kwa hilo Concha anakuonyesha nchi nzima: Uhispania ya Franco inayojifanya ina furaha, Uhispania inayoanza kusema ukweli 1975, runinga ya taifa ya miaka ya 80 yenye pesa na heshima, runinga za kibiashara za miaka ya 90, halafu Netflix. Maura alizaliwa kisanii pamoja na uhuru. Concha alilazimika kuvuka mto.

Baharia77

Kuvuka mto sawa, lakini mimi mtazamaji nalipia bando kuona filamu, si kuona mto.

Kijana_wa_Pwani

😂😂😂

Mama_Zuu

Na Victoria Abril mbona hamumtaji? Alianza na kipindi cha mashindano cha Un, dos, tres akiwa binti mdogo, akapata tuzo ya Dubu wa Fedha ya tamasha la filamu la Berlin kwa Amantes, kisha akahamia Ufaransa na huko pia akapata kazi mpaka kwenye tamthilia za runinga ya TF1.

Na kwa wanaotaka ulinganisho wa kweli, kuna filamu ambamo Concha na Victoria wote wamo: La colmena ya Mario Camus, 1982, iliyoshinda Dubu wa Dhahabu Berlin mwaka uliofuata. Imetokana na riwaya ya Camilo José Cela. Mgahawa mmoja wa Madrid baada ya vita, wateja wanakaa na kikombe kimoja asubuhi mpaka jioni kwa kuwa hawana cha pili. Hakuna mhusika mkuu. Kila mwigizaji ana dakika zake chache tu. Concha ni Purita, mwanamke anayejiuza kwa utulivu kabisa ili ndugu zake wale. Hapigi kelele, hajililii. Tazama jinsi anavyokaa kitini, miguu pamoja, mkoba mapajani, kama mtu anayesubiri zamu yake zahanati.

Mimi ningeanza hapo. Filamu moja, waigizaji wote wakubwa wa kizazi kile, kisha unachagua mwenyewe wa kumfuata.

Mpenda_Tamthilia

Dah, nimeingia na njia tatu sasa ziko sita. Shukrani Mama Zuu, hiyo La colmena naiandika.

Maswali mawili. Zinapatikana wapi hizi? Zile tamthilia za Netflix niliona kwa maandishi ya Kiingereza, na nyingine tunazipata zikiwa na sauti ya Kiswahili ya maDJ, sasa sidhani kama kuna DJ amegusa ya 1974. Na la pili: mbona hakuna anayenishauri namba tatu? Ndiyo niliyoipenda!

Bi_Mwanahawa

La kwanza: filamu nyingi za zamani hapa Uhispania zipo FlixOlé, huduma ya kutazama filamu mtandaoni, lakini huduma ile imelenga watazamaji wa hapa, usitegemee maandishi ya Kiingereza kila mahali. Teresa ni mali ya TVE, anza kutafuta kwenye hifadhi ya RTVE, shirika mama la TVE. Tormento na La colmena zina majina makubwa kwa sababu ya riwaya zake, kwa hiyo maandishi ya Kiingereza utayapata kirahisi kuliko ya vichekesho. Vichekesho ndivyo vigumu. Utani wa Tony Leblanc ukitafsiriwa unabaki mifupa.

La pili: hakuna aliyekukataza, mwanangu. Tamthilia za uzeeni ni nzuri. Usiishie Gran Hotel tu. Tafuta Herederos, ilirushwa TVE kuanzia 2007 hadi 2009. Humo yeye ni mama wa ukoo wa wapigana na fahali, na ukoo wote umekaa juu ya mabega yake. Pale ana nafasi kubwa kuliko zile mbili ulizoziona. Kwenye Gran Hotel na Las chicas del cable, zote za kampuni ya Bambú, wanamtumia kwa dozi: anaingia, anamtia mtu hofu, anatoka. Tena ukitazama vizuri utaona hizo mbili zina sura nyingine inayojirudia, Yon González, yule Julio wa Gran Hotel ndiye Francisco wa Las chicas.

Kalamu_Nyekundu

Naongezea kwa namba tatu. Kasoro yake si Concha, ni uandishi. Tamthilia zile zinahitaji siri mpya kila baada ya dakika kumi, kwa hiyo mhusika wake analazimika kuwa mbaya kwa sababu hadithi inataka ubaya. Rosalía wa Tormento ni mbaya kwa sababu ana mshahara mdogo na macho makubwa. Mmoja unamwogopa, mwingine unamjua.

Sista_Neema

Na kuna upande ambao hakuna hata mmoja wetu atauona: jukwaa. Mamá, quiero ser artista mwaka 1986, Carmen, Carmen ya Antonio Gala 1988, Hello, Dolly! 2001, Hécuba kwenye ukumbi wa kale wa Kirumi wa Mérida 2013, Reina Juana 2016. Onyesho lake la mwisho, La habitación de María, aliliandika mwanawe mwenyewe, Manuel. Alikuwa na zaidi ya miaka themanini na alisimama jukwaani peke yake.

Tusisahau pia kwamba maonyesho hayo yaligharimu. Yeye mwenyewe alisema waziwazi kwamba biashara ya kuzalisha maonyesho ya muziki ilimwachia madeni makubwa. Mtu akiuliza mbona alikubali kila kipindi cha runinga na kila nafasi hata akiwa bibi, sehemu ya jibu iko hapo. Baharia anahesabu filamu mbovu. Mimi nahesabu mishahara ya wacheza dansi na wapiga ala.

Baharia77

Sista umeniweka pabaya. Basi namwongezea pointi. Lakini Maura bado.

Mama_Zuu

Baharia huwa hashindwi, huwa anahamisha goli.

Mpenda_Tamthilia

Haya wakuu, nimeamua. Naanza na Tormento Ijumaa usiku peke yangu, nione hilo tusi la stesheni kwanza kabla ya mama. Jumapili baada ya misa tunaanza Teresa sehemu ya kwanza na mama. La colmena itafuata. Vichekesho naweka akiba mpaka nipate mtu wa kunitafsiria, na Baharia, Mujeres al borde nitaitazama pia, usinune.

Mzee wa Kahawa, samahani Los tramposos imekuwa ya mwisho kwenye foleni.

Mzee_wa_Kahawa

Hakuna samahani. Ile sehemu ya bahasha haihitaji kutafsiriwa. Itafute yenyewe tu, ni dakika chache, mwonyeshe mama kabla ya Teresa. Akicheka njoo hapa uniambie, asipocheka mrudishe kwa Kalamu Nyekundu.

Kalamu_Nyekundu

Mama akija kwangu namwanzia Pim, pam, pum. Ila Mpenda, usitazame na wali mezani. Filamu ile ina mlo mmoja, pale Fernán Gómez anapomlisha Paca, ambao utakufanya uweke kijiko chini.

Bi_Mwanahawa

Mpenda, ukikwama kwenye maandishi ya Teresa nitumie ujumbe, lugha ya karne ya 16 ile hata wifi zangu huuliza. Na mama yako akiuliza lile tusi la Tormento maana yake nini, mimi sipo.